Wenzako Wameachiwa

Mtaa wa Bagamoyo, Tukuyu
9 Mei 2024

Mama Tulia mwenzangu,

Kaa chini kwanza. Kama uko shambani, tafuta hata tuta ukalie, kwa maana mimi habari hii ilinikuta kwenye benchi na bado nusura nianguke.

Wameachiwa! Wote watatu, kaka yako Abrahamu, Hosea na Jenifer! Ilikuwa jana. Nilifunga cherehani, nikamwachia jirani nguo za watu, nikaenda mahakamani nikijua nitasikia kesi imesogezwa mbele kama kawaida yao. Hakimu akaingia, akavaa miwani, akaanza kusoma. Akasoma mpaka nikasinzia, Mungu anisamehe. Nikazinduka aliposema upande wa mashtaka haukuleta hata ushahidi wa kuwafanya watu hawa wafungue midomo kujitetea. "Hawana kesi ya kujibu. Nawaachia huru."

Jenifer alikaa chini pale pale kizimbani akalia kama mtoto. Mzee Hosea akawa anauliza, "Ina maana tuende nyumbani?" Askari akamwambia, "Nenda, mzee, unangoja chai?"

Kilichowaokoa ni maneno ya Ezron mwenyewe, yule mlinzi wa shamba la parachichi. Unajua alivyoandikisha polisi, kwamba usiku ule miche ilipong'olewa na uzio kukatwa aliwaona ninyi wanne kwa mwanga wa mwezi. Basi wakili wetu, Winfrida, akamhoji taratibu tu. "Mvua ilikuwa inanyesha?" Ezron akasema ilikuwa inanyesha. "Na ukungu?" "Ukungu ulikuwepo, huku kwetu mwezi wa tatu ukungu unakosekana lini?" Watu wakacheka. "Sasa huo mwezi uliowamulika uliuona wapi?" Ezron akageukia dirishani. "Uliwaona watu hawa, au uliambiwa majina yao?" Akaangalia chini, akasema, "Niliambiwa asubuhi."

Sasa nakuja kwenye lako, na usinikatie tamaa. Kwenye hati ya mashtaka wewe ndiye mshtakiwa wa kwanza, ambaye hajakamatwa. Hakimu amesema uamuzi wake unawahusu wale watatu waliosimama mbele yake. Jalada lako bado liko wazi, na hati ya kukukamata bado ipo. Nitamwona wakili wiki ijayo.

Abrahamu ni mzima. Amerudi kwake Kawetele kwa wifi yako Hellen.

Tulia anakusalimu sana. Form Two imempokea vizuri, anakula kama wanajeshi wawili na hataki kuvaa sweta asubuhi, na baridi hii. Barua hii anakuletea Maulidi, Baba Rehana, kwenye mzigo wake wa vitenge, maana tangu ulipokataa simu isije ikaonyesha ulipo, nimerudi kwenye kalamu kama enzi za shule.

Mwenzio,
Saada (Mama Rehana)


Karonga
20 Mei 2024

Mama Rehana,

Nimeipokea barua yako nikiwa kwenye mpunga wa mama mdogo. Niliisoma matope yakiwa magotini. Nimefurahi kwa Jenifer, ana watoto wadogo. Nimefurahi kwa mzee Hosea, kizimbani si mahali pa mzee.

Lakini niruhusu nikuulize. Tulikuwa wanne. Mlinzi ni mmoja, maneno yake ni mamoja. Wenzangu wametoka na mimi nimebaki. Nimekaa na jambo hili siku zote hizi nikilima, nikipika, na sioni maana nyingine isipokuwa moja: kuna mtu ameponyoka kwa kuniachia mimi mzigo.

Na wewe, ambaye ukikutana na kuku barabarani unaniandikia ukurasa mzima, kuhusu kaka yangu umeandika mstari mmoja! "Ni mzima." Hujasema ananisalimu. Hujasema ameuliza hali yangu. Tangu nivuke mpaka, mwaka na zaidi, sijapata neno lake hata moja, na Maulidi anapita kila mara.

Unajua aliyenivusha mto Songwe ni yeye. Asubuhi ile walipowachukua Jenifer na Hosea, alikuja mbio kwangu Kawetele, akasema, "Umesimama mkutanoni ukasema miche iliyopandwa juu ya maji ya watoto wetu haitaota. Hawatakusikiliza. Nenda, mimi nitabaki niwaeleze." Mimi niliposema vile nilimaanisha Mungu hataibariki. Nilisema mchana, mbele ya mwenyekiti wa kijiji, wakati shamba lile linazungushia uzio chemchemi tunayochotea. Usiku wa miche nilikuwa nyumbani, Tulia ana homa. Abrahamu anajua, ndiye aliyeleta dawa.

Alibaki awaeleze. Sasa najiuliza, aliwaeleza nini?

Naomba unitumie mwanangu. Huku Malawi kuna shule, na lugha ya watu ni kama ya kwetu. Nikikosa nchi, nisikose na mtoto.

Mama Tulia


Bagamoyo, Tukuyu
3 Juni 2024

Mama Tulia,

Tulia haji. Nakujibu hilo mwanzo ili hasira zako uzimalizie hapo kisha usome mengine kwa utulivu. Mtoto ana mtihani mwaka huu, na mama yake hajakosa nchi, kwa hiyo hakuna sababu ya kumhamisha.

Nimekaa na wakili Winfrida ofisini kwake mpaka chai ikapoa. Nimemwuliza swali lako lile lile: kwa nini wengine watoke na mmoja abaki? Amenijibu hivi, nami nakuandikia nilivyoelewa. Hakimu hawezi kumwachia mtu ambaye hajawahi kusimama mbele yake. Hakuna mwenzako aliyekutaja, Mama Tulia. Umebaki kwa sababu hukuwepo, basi.

Na kuna njia. Mahakama Kuu Mbeya ina uwezo wa kuliita jalada la mahakama ya chini, ikaliangalia, ikaona kama kuna haki humo ndani. Wakili anataka kuiomba ifute mwenendo wote wa kesi yako. Anasema shitaka lako ni lile lile la wenzako, mlinzi ni yule yule, na maneno yake yameshapimwa yakaonekana hayana uzito. Kwa nini serikali ikuweke kizimbani kusikiliza uongo ule ule mara ya pili?

Ila kuna sharti, na hapa ndipo kalamu inapokuwa nzito. Jaji hatasikiliza ombi la mtu aliyejificha. Lazima uvuke, ujisalimishe mahakamani Tukuyu ukiwa na wakili. Inawezekana utawekwa mahabusu mpaka Mbeya waamue. Anasema hawezi kukuahidi ushindi, anakuahidi kupigana tu.

Kuhusu kaka yako. Nimeapishwa. Nimekula yamini na mimi si mtu wa kucheza na yamini, unanijua. Siwezi kukuandikia zaidi ya kwamba ni mzima na yuko kwake. Usiniulize tena, tafadhali, maana kila ukiniuliza naumia.

Fikiria kuhusu kurudi. Chumba chako kipo, nimeondoa humo majora yote ya vitambaa.

Saada


Karonga
11 Juni 2024

Mama Rehana,

Kumbe kuna yamini.

Mtu haapishwi kuficha jambo jema. Ungekuwa na neno la kumtetea ungeliandika. Umenijibu bila kutaka, na nakushukuru kwa hilo.

Mwambie wakili asihangaike. Nirudi kujisalimisha kwa watu ambao damu yangu mwenyewe imewauzia jina langu? Hapana. Mama mdogo amenipa kipande cha shamba, nitalima.

Mtunze Tulia mpaka mtihani uishe. Baada ya hapo nitamfuata mpakani.

Mama Tulia


Bagamoyo, Tukuyu
16 Juni 2024

Mama,

Shikamoo. Mimi mzima, baridi tu ndiyo noma, asubuhi maji ya kunawa yanauma kama pilipili.

Mama Rehana hajui kama naandika. Akijua nimekwisha! Barua nimempa Baba Rehana, nimemwambia ni matokeo yangu ya mtihani wa nusu muhula. Kwa hiyo ukiisoma usimjibu yeye, utaniponza.

Mama, nimesoma barua zako mbili. Zilikuwa chini ya mashine ya kushonea. Ya pili niliisomea chooni shuleni nikalia mpaka mwalimu wa zamu akagonga mlango. Mimi sijala yamini yoyote, mimi hakuna aliyeniapisha, kwa hiyo nakuambia.

Mjomba Abrahamu hakupata dhamana. Wale wengine walitoka nje wakawa wanakuja kwenye kesi kutokea nyumbani, yeye alikaa gerezani tangu ulipoondoka hadi siku ile Hakimu alipowaachia. Sababu ni wewe, lakini si kama unavyofikiria. Watu wa shamba walimfuata mahabusu wakamwambia, sema dada yako ndiye aliyewakusanya, wewe utakuwa shahidi, utaenda zako nyumbani leo leo. Alikataa. Wakarudi tena, akakataa. Shangazi Hellen anasema aliwajibu, "Usiku ule dada yangu alikuwa anamkanda mtoto mwenye homa. Kama mnataka mtu wa kufunga, mimi si nipo hapa?" Baada ya hapo kila aliyekuja kumdhamini alitishwa, akarudi nyuma.

Aliwaapisha Mama Rehana na shangazi wasikuambie. Alisema, "Akijua atarudi, na akirudi sasa hivi watamfunga kweli." Ndiyo maana hakuandika. Barua za gerezani zinasomwa, angeandika nini? Na kukudanganya hawezi, si unamjua alivyo.

Nilikuwa naenda naye shangazi kumpelekea chakula. Nikimsimulia ulichoandika alikuwa anafumba macho anasikiliza mpaka mwisho, halafu anasema, "Tena." Mama, ametoka amekonda, na miguu yake imevimba, anatembea na fimbo. Ila anacheka. Juzi alimkimbiza mbuzi kwa fimbo hiyo hiyo.

Mimi sikuambii urudi au usirudi. Nasema tu usimchukie mjomba. Hastahili.

Mwanao,
Tulia


Karonga
24 Juni 2024

Kaka Abrahamu,

Nimejua. Usiulize nimejuaje, wala usimgombeze mtu.

Mambo niliyokuwaza mwaka huu sitayaandika. Nimeyasema mbele ya Mungu tu, peke yangu, na nimelia. Nilikuwa naona umenitupa, kumbe ulikuwa umekaa katikati yangu na wao. Huku nililala kwenye mkeka mkavu, nikala samaki, nikaimba kwaya na wanawake wa kanisa la mama mdogo. Wewe ulilala wapi, kaka?

Ndaga fijo. Shukrani hii naiandika na naona ni ndogo, lakini lugha yetu haina kubwa zaidi.

Sasa narudi. Usinikataze kama ulivyonikataza kwa kufunga vinywa vya watu. Ulikaa ndani ili mimi niwe nje, na nje nimekaa vya kutosha. Kama ni mahabusu, nitakaa. Kama Jaji atasema hapana, nitasimama mbele ya yule Hakimu aliyewaachia ninyi nimtazame Ezron usoni. Kuishi kama mtu aliyefanya jambo ambalo sikulifanya, hilo siliwezi tena.

Mwambie Mama Rehana amwambie wakili.

Mdogo wako,
Alinanuswe


Kawetele
2 Julai 2024

Mdogo wangu,

Ugonile. Barua yako amenisomea Tulia, halafu nikamwomba aisome tena na Hellen asikie. Mkono wangu hauandiki vizuri, utavumilia.

Wewe usihesabu nililala wapi. Mimi ni mkubwa wako. Baba angekuwepo angelala yeye.

Wakati ule nilisema usirudi. Sasa nasema rudi. Wakati ule ungekuja kukamatwa. Sasa unakuja kudai. Ni tofauti kabisa, hata wakili amesema.

Nitakungoja Kasumulu, upande wetu wa daraja, Jumatatu ijayo asubuhi. Wakili atakuwepo, na Mama Rehana amesema hata akiugua atakuja. Nilikuvusha kwa mtumbwi umejifunika kanga usoni. Safari hii pita darajani, kwa miguu yako, mchana, usijifunike. Ukiulizwa jina, litaje lote.

Fimbo nitaiacha nyumbani.

Kyala, Mungu wetu, akutangulie.

Kaka yako,
Abrahamu


Mahabusu ya wanawake, Mbeya
21 Agosti 2024

Mama Rehana mwenzangu,

Afande unayeisoma barua hii kabla haijatoka, shikamoo, hakuna baya humu.

Mimi ni mzima. Tangu siku ile pale darajani uliponikumbatia mpaka kanga yako ikadondoka kwenye tope, sijapata nafasi ya kukueleza. Ile mahakama ya Tukuyu ulikuwepo, ulisikia. Hakimu alisema nilikimbia mwanzo, hawezi kuniamini na dhamana. Nilikuona umejishika kinywa. Mimi sikushtuka. Nilikuwa nimeshafunga kitambaa kichwani kabisa kwa ajili ya safari.

Humu tumo wengi, wengine wana watoto wachanga. Nimewafundisha kuimba sauti nne. Jioni tukiimba, hata askari wa zamu anachukua sauti ya tatu, ingawa anaikosea.

Wiki iliyopita tulisikilizwa Mahakama Kuu. Wakili Winfrida alizungumza kwa sauti ndogo, nikaogopa Jaji hatamsikia. Kumbe Jaji alikuwa anaandika kila kitu. Wakili wa Serikali akasimama, akasema ombi letu litupwe, kwa sababu kukimbia kwangu kunaonyesha nilijua nilichofanya. Akalirudia neno hilo, kukimbia, nikaanza kuona hata mimi kama nina hatia. Nikageuka, nikamwona Abrahamu kwenye benchi la nyuma, mikono juu ya magoti, bila fimbo. Nikageuka mbele.

Jaji akamwuliza yule wakili, "Ukiacha kukimbia, mnaye shahidi mwingine zaidi ya yule mlinzi?" Akafunua makaratasi yake. "Kwa sasa hapana, Mheshimiwa Jaji." "Mtampata?" "Siwezi kusema hivyo, Mheshimiwa." Jaji akasema atatoa uamuzi mwishoni mwa Septemba. Hakucheka, hakukunja uso. Sijui kitakachotokea.

Jambo lililonifanya niandike ni hili. Tulia alikuja Jumamosi, akasema Rehana kule Tanga mimba inamsumbua, amelazwa kitandani na daktari, na wewe unazungukazunguka Bagamoyo na tiketi hukati, kwa sababu ya siku yangu ya uamuzi. Mama Rehana, nenda. Umekaa na mwanangu muda wote niliokuwa mbali. Sasa nenda ukakae na wako. Uamuzi wa Jaji hautabadilika ukiwepo au usipokuwepo, lakini Rehana akifungua macho na kukuona ni dawa. Tulia atakaa kwa Hellen.

Na ile habari ya yamini, nilikuandikia maneno makali. Ulikuwa unaumia peke yako na mimi nakuongezea. Ukirudi utanichapa, mgongo uko tayari.

Nenda Tanga.

Mama Tulia


Kawetele, Rungwe
29 Septemba 2024

Saada, ndugu yangu,

Juzi uliponipigia simu hukusikia kitu, nilikuwa nalia na huku nyuma wanapiga vigelegele, na wewe nawe huko unalia, mtoto analia, hata simu yenyewe nadhani ilikuwa inalia. Tulia akaniambia, "Mama, kata, mwandikie." Leo ni Jumapili, nimetoka kanisani, nimekaa nyumbani kwangu. Kwangu, Saada. Nakuandikia kila kitu kama ulivyonizoesha.

Kwanza, hongera ya mjukuu. Rayyan ni jina zuri. Mwambie Rehana apumzike, asijifanye shujaa.

Alhamisi asubuhi walitutoa mahabusu kwenda mahakamani. Wale wanawake waliobaki waliimba nilipokuwa napanda gari. Mahakamani nikakuta nusu ya Kawetele imejaa kwenye mabenchi. Jenifer, mzee Hosea na suti yake ya harusi, Hellen, kwaya nzima, na Maulidi wako amesimama karibu na dirisha, kofia mkononi. Ameniambia amekuja kwa niaba yako na ameamriwa akupe taarifa ya kila neno. Nadhani ameyasahau yote, kwa hiyo soma hapa.

Jaji aliingia, tukasimama, tukakaa. Akaanza kusoma. Alisoma habari ya chemchemi na uzio, akasoma maneno yangu ya mkutanoni. Akasema maneno yale yalisemwa hadharani na mtu mwenye malalamiko, na malalamiko si kosa. Akafika kwenye kukimbia. Nikashika ubao wa kizimba. Akasema, "Mtu anaweza kukimbia kwa sababu ana hatia, na anaweza kukimbia kwa sababu anaogopa. Woga haujawa kosa la jinai katika nchi hii."

Nyuma kuna mtu akasema "Ee!" kwa nguvu. Askari akamkazia macho. Alikuwa mzee Hosea.

Kisha Jaji akasema wenzangu watatu wameachiwa kwa kukosekana ushahidi, na serikali haikukata rufaa. Akasema shitaka langu limesimama juu ya ushahidi huo huo, na serikali yenyewe imekiri haina mwingine. Kunisimamisha mbele ya Hakimu ili nisikilize kitu ambacho mahakama imeshakikataa ni kunitesa bila sababu na kuipotezea mahakama heshima yake. Halafu akanyanyua uso, akanitazama mimi, si wakili, akasoma:

"Mwenendo wote wa kesi dhidi ya mwombaji unafutwa. Hati ya kumkamata inafutwa. Aachiwe huru mara moja, isipokuwa kama anashikiliwa kwa jambo lingine halali."

Sikuelewa! Mimi niliyesubiri maneno hayo, nilisimama tu kama mzee Hosea siku ile. Wakili Winfrida akanigeukia, macho yamejaa maji, mwanamke yule ambaye hujawahi kumwona akibabaika, akaninong'oneza, "Mama, imekwisha. Shuka."

Nikashuka. Abrahamu alikuwa ameshafika. Unajua kaka yangu hana maneno mengi. Alinishika mabega, akanitazama, halafu akainua mikono na kupaza sauti ya kutikisa madirisha, "Ndaga, Kyala! Ndaga fijo!" Jaji alikuwa bado hajamaliza kutoka mlangoni. Nikaogopa tutafungwa upya. Jaji akasimama kidogo, hakugeuka, akaendelea zake. Karani akasema, "Jamani, furahini nje." Tukafurahi nje. Tulifurahi mpaka waliokuja kwa kesi zao za mashamba wakajiunga, hawajui hata tunafurahia nini.

Maulidi alikuwa ameazima lori la rafiki yake. Tulipanda sote nyuma. Tulipofika Tukuyu nilimwambia apite polepole katikati ya mji, sokoni, mbele ya kituo cha polisi, nisimame wima nishikilie chuma. Watu wa Bagamoyo walitoka madukani. Jirani yako wa duka la sabuni alitukimbilia na kitenge kipya, akanirushia mabegani. Askari mmoja pale kituoni alinipungia mkono, na mimi nikampungia.

Kawetele sitaki kuisimulia, utakuja kuisikia. Ndizi zilipikwa masufuria ambayo sijui yalitoka wapi. Tulia alinishika mkono tangu barabarani hadi mlangoni, hakuniachia hata nilipotaka kunawa, na mtoto yule sasa ni mrefu kuliko mimi. Ezron naye alikuja. Alisimama nje ya ua na kofia mkononi. Abrahamu ndiye aliyemwendea, wakazungumza kidogo, sikusikia, kisha akamleta ndani, akamkatia kipande cha nyama kwa mkono wake. Ezron alikula anatokwa machozi. Ameacha kazi kule shambani.

Nani aling'oa ile miche, mpaka leo sijui, na sitamsingizia mtu. Uzio wa chemchemi bado upo. Lakini jana wakili Winfrida alikuja, tukatembea naye hadi pale, tukiwa wanawake wengi kuliko niliowahi kuwaona wakitembea pamoja hapa kijijini. Akaangalia, akapiga picha, akasema hilo ni shauri, tena shauri zuri, na safari hii sisi ndio tutakaolipeleka mahakamani. Jenifer amesema yeye atakuwa wa kwanza kuandikwa jina. Mimi nikasema nipisheni, nafasi hiyo ni yangu.

Nakala ya uamuzi ninayo, ina mhuri mwekundu. Leo baada ya ibada mchungaji aliniita mbele, nikadhani nitasema ahsante nikae. Wakataka nisome. Nikasoma pale mwisho, "mwenendo wote unafutwa." Kina mama wakasema, "Soma tena." Nikasoma tena. Wa upande wa kushoto wakasema wao hawakusikia vizuri, uongo mtupu, walisikia. Nikasoma. Nimefika nyumbani sauti imekauka na shingo inaniuma kwa kukumbatiwa.

Na sasa hivi ninavyokuandikia wako wengine uani, wametoka Msasani yetu ya huku Rungwe kwa miguu na watoto mgongoni. Abrahamu amewawekea viti na benchi la jikoni, amekaa katikati yao kama mwenyekiti, na ananiita kwa sauti ile ile ya mahakamani nitoke na karatasi. Wanataka kusikia.

Ngoja nikawasomee.

Ndugu yako,
Alinanuswe, Mama Tulia